Fahali ya Mama

Njia ya mwongo ni fupi, wasema wahenga, lakini njia ya Filda ilikuwa ndefu ajabu. Ilianzia Bwaise, ikashika barabara ya Bombo, ikavuka Nile pale Karuma, ikaenda zake mpaka Juba. Huko ndiko alikompeleka mwanawe Odoch, kwa mdomo tu, bila nauli na bila hata begi la nguo.

Siku uongo huo ulipozaliwa haikuwa na kishindo chochote. Akeyo, mama Mjaluo kutoka Kenya, jirani yake wa mlango wa pili, alikuwa amekaa uani akipara samaki. Akauliza bila ubaya kwamba kijana haonekani siku hizi, kaenda wapi. Filda alikuwa ameinamia jiwe lake la kusagia, na mdomo ukatangulia akili. Akasema yuko Juba, amepata kazi ya ulinzi. Akeyo akamshukuru Mungu kwa niaba yake, akageuza samaki upande wa pili. Basi, ikawa hivyo.

Lakini uongo ni kama mbuzi, ukishaufuga sharti uulishe. Watu wa uani wakawa wanauliza Odoch anasemaje, na Filda anajibu anawasalimu sana. Wakauliza kama analala vizuri kwenye joto lile, naye akasema amezoea. Ikafika mahali Odoch akapandishwa cheo. Halafu huko Juba kukasikika habari za risasi, na hapo ndipo Filda alipojua kwamba mbuzi wake ameota pembe. Akina mama wa uani walikuja chumbani kwake na mikeka yao wakamwombea Odoch mpaka sauti zikawakauka. Akeyo alilia machozi ya kweli. Na Filda, aliyejua kwamba mtoto anayeombewa yuko mtaroni upande wa pili wa barabara, mahali ambapo ungemwita angeitika, alifumba macho akasema amina pamoja nao.

Mtu hawezi kuisahau amina ya namna hiyo. Aliisikia mara kwa mara akiwa sokoni Kalerwe, akiwapimia wateja odii, ile siagi ya simsim na karanga wanayoipenda watu wa kaskazini. Anampimia mtu, anamrudishia chenji, na amina inampanda kooni kama kiungulia.

Filda ni Mwacholi, mjane wa Sajini Ogwang wa polisi. Alikaa miaka mingi katika nyumba za polisi, na Kiswahili chake ndicho kile cha kambini, cha amri na mzaha. Odoch alizaliwa huko. Alikuja duniani akitanguliza miguu, mkunga akatoka jasho, na ndiyo maana akapewa jina hilo, kwa kuwa kwa Waacholi mtoto wa namna hiyo ndiye Odoch. Alipokuwa mdogo alikuwa akivaa kofia ya baba yake na mshipi wake mwekundu wa gwaride, mshipi unaburuzika chini, anatembea kwa maringo katikati ya nyumba za askari, na askari wanampigia saluti. Filda anasimama mlangoni, mikono ina unga, anamwita fahari yangu.

Sajini alipokufa wakatakiwa kuondoka kambini, na Filda akashukia Bwaise, kwenye safu ya vyumba nyuma ya geti la bati. Bwaise mvua ikinyesha maji hayana adabu, yanaingia hata bila kukaribishwa. Kwa hiyo mafundi wa pale hukata mageti yasifike chini, wakaacha nafasi ya shibiri hivi, mafuriko yapate pa kutokea. Ukilala chini nje ya geti la namna hiyo utaona uani kote, ila utaona miguu tu.

Odoch alilijua jambo hilo kuliko mtu yeyote. Alianza na kutafuna mayirungi, yaani miraa, na wenzake stendi, kisha bangi, kisha unga, na unga ukamshika asitoke. Ndani ya nyumba vitu vikaanza kutoka kimya kimya: redio, pasi, viatu vya marehemu. Filda akabadilisha kufuli, akampiga marufuku. Basi alfajiri, Akeyo akishaenda kuchukua samaki, Odoch alikuja akalala chini nje ya geti, shavu kwenye tope, akaita mama kwa sauti ya chini. Filda alisikia. Alitoka chumbani, akaja akasimama nyuma ya geti. Alisimama na kandambili zake, moja ikiwa imekatika mkanda naye ameushona kwa kipande cha ule mshipi mwekundu wa gwaride ulioliwa na panya. Akeyo alikuwa akimtania kwa hicho kipande, akimwambia sasa unamvaa mumeo mguuni, je, alipokuwa hai ulimkanyaga hivyo hivyo? Basi Filda husimama pale, mwanawe anaita, kisha yeye hugeuka akarudi ndani. Hivyo alfajiri nyingi. Mpaka alfajiri moja hakuna aliyeita, wala iliyofuata, na Filda akaenda getini bila kuitwa, akainama, akakuta tope tu.

Ukapita muda mrefu. Siku moja pale Kalerwe akaja msichana mwembamba, nywele fupi, akaomba odii ya kopo dogo. Akasema anaitwa Babra. Halafu akainama kama anayeichungulia bidhaa, akasema Odoch anakusalimu, yuko Nateete, kwenye nyumba ya watu wanaosaidiana kuacha, na ameacha kweli, mwaka umepita.

Kijiko kilimdondoka Filda. Na hapa ndipo pana jambo ambalo hakuwahi kumwambia mtu. Kabla hajamshukuru Mungu, kabla hata moyo haujapiga pigo la furaha, alitazama kushoto na kulia kuona kama wauza nyanya wamesikia.

Alikwenda Nateete. Alimkuta Odoch anabeba mizigo sokoni, amenenepa shingo, macho meupe. Walisalimiana kama watu waliokutana msibani. Walikula muhogo wamesimama. Odoch hakuomba kurudi nyumbani, naye Filda hakumwambia arudi, maana Odoch wa Juba angepita wapi? Kila alipoondoka kurudi Bwaise alijiambia safari ijayo. Safari ijayo nayo akajiambia vivyo hivyo.

Babra alikuwa mtu wa kamera. Alifanya kazi na vijana wa nyumba ile, na alitaka kutengeneza filamu fupi kuhusu unga. Filda, kwa filamu, alijua za kupigana na za harusi. Babra akamweleza polepole kwamba hii haina hadithi wala maneno. Hataki kumwonyesha mtu anayetumia, kwa sababu hao kila mtu ameshawaona, na akiwaona anafunga vioo vya gari. Anataka anayetazama aingie mwilini mwa yule mwenye kiu, aone anavyoona, asikie bomba linavyodondosha maji mpaka tone liwe ngoma kichwani. Alikuwa amewauliza vijana kule ndani ya unga kulikuwaje. Kila mmoja akampa mahubiri. Odoch peke yake ndiye aliyefikiri kwanza, kisha akasema: ni kulala chini na kuiona miguu ya mama chini ya geti.

Babra akamtazama Filda miguuni. Halafu akasema anaiomba hiyo miguu.

Filda akaivuta miguu yake ndani ya kanga.

"Miguu tu?" akauliza.

"Miguu tu, Mama. Uso hautaonekana na jina halitatajwa."

Akakubali. Alifikiri hivi: uso una jina, miguu haina. Na labda alifikiri pia kwamba ndiyo njia ya kulipa kidogo bila kuonekana analipa.

Walikuja asubuhi wapangaji wakiwa sokoni. Babra akalala kifudifudi nje ya geti, kamera mbele yake, nguo zikalowa. Filda akavaa kandambili zile zile, kwa kuwa hakuwa amezitupa. Odoch alikaa nje kwa upande, mgongo ukutani, asiingie kwenye picha. Filda akauliza kutoka ndani asimame mpaka lini. Aliyejibu ni Odoch, bila chuki, kama mtu anayemwelekeza mgeni njia.

"Mpaka uchoke, Mama, halafu uende zako. Kama kawaida."

Filda akasimama. Lile neno "kama kawaida" lilimwingia chini ya unyayo likapanda mpaka utosini. Kabla ya kugeuka kurudi ndani kidole kimoja cha mguu kikajikunja, na Babra baadaye akasema hiyo ndiyo picha bora kuliko zote.

Filamu ikaisha. Babra akaipa jina Fahari ya Mama, kwa sababu Odoch alimsimulia habari za kofia na mshipi. Akataka ionyeshwe Bwaise, kwa kuwa vijana wengi wa mitaroni wako huko. Filda akamwomba sana aipeleke Nateete, au mahali pengine popote. Babra akamtuliza kwamba itaonyeshwa Jumapili mchana kwenye kibanda cha video cha Ssalongo, kabla ya mpira, saa ambayo hakuna watu, na nani atakuja kutazama picha isiyo na maneno wala ngumi? Vijana wachache tu. Filda akapiga hesabu yake, akaona ni kweli.

Hesabu ile ilikuwa sahihi, ila haikumhesabu Ssalongo mwenyewe.

Ssalongo, baba wa mapacha, ni Muganda mnene mcheshi aliyekuwa na ule ukumbi wa mabati wenye mabenchi na televisheni kubwa. Kazi yake hasa ni kutafsiri filamu kwa kipaza sauti zikiwa zinaendelea, kwa Kiganda au kwa Kiswahili kutegemea waliokaa. Watu wa kazi hiyo huitwa viijei. Mchina akipigwa, Ssalongo analia kwa niaba yake. Watu wengi walikuja kumsikiliza yeye, filamu ilikuwa mboga tu. Sasa ulimi wa Ssalongo, kama wa ndugu zake wengi, haukuona sababu ya kutenga l na r. Babra alimtajia jina la filamu kwa simu. Ssalongo akachukua chaki, akaandika kwenye ubao nje ya kibanda, kwa herufi kubwa: FAHALI YA MAMA. Na kwa kuwa alipenda kuchora, akachora fahali, pembe hizi hapa, nundu, na pua inatoa moshi.

Bwaise ikaona ubao. Ijumaa habari zikawa zimefika Kalerwe kwamba kuna filamu ya fahali. Jumamosi fahali akawa amemlea yatima. Jumapili asubuhi wake wa polisi wa kaskazini, watu ambao babu zao walihesabu utajiri kwa ng'ombe, walikuwa wanasema fahali huyo anamlipia yatima mahari. Watoto walioga mapema. Akeyo akaja mlangoni kwa Filda, amejifunga kitambaa kizuri.

"Min Odoch," akamwita, kwa kuwa Wajaluo na Waacholi wote husema hivyo kwa mama wa mtu, "inuka twende tukaone fahali. Utakaa na hilo jiwe mpaka likuoe?"

Filda akasema kichwa kinamuuma. Akeyo akasema kichwa cha kuuma Jumapili ni cha uvivu. Kukataa zaidi kungeleta maswali, na isitoshe, kulikuwa na kitu ndani yake kilichotaka kuona. Akavaa viatu vya kanisani, akaenda.

Kibanda kilijaa mpaka watu wakakaa juu ya masanduku ya soda. Babra alisimama mlangoni ameduwaa, anatazama ubao, anatazama watu. Alijaribu kumweleza Ssalongo kuhusu ile herufi moja, na Ssalongo akasema herufi moja imeleta watu wote hawa, ingekuwa mbili si tungejaza uwanja? Babra akamsihi jambo moja, asitafsiri, filamu haina maneno na ndivyo inavyotakiwa. Ssalongo akaapa kwa mapacha wake kwamba atafunga mdomo.

Odoch naye alikuwa amekuja. Filda alimwona alipokuwa anaingia. Alikuwa nje kwa nyuma, karibu na jenereta, kofia imeshuka usoni. Macho yao yalikutana, Filda akageuza yake haraka, kama mtu aliyeona deni. Akeyo alikuwa anamvuta mkono waende mbele.

Picha ikaanza. Bomba linadondosha maji. Tone, kisha tone. Watu wakangoja fahali. Tone likakua, likawa zito, likagonga kama mtu anayepiga mlango. Wakaanza kunong'ona kwamba sauti imeharibika. Ikaja sahani ya maharage, haina mtu, mvuke unaisha, nzi mmoja anatembea ukingoni. Mtu akapiga mluzi. Mzee mmoja, polisi mstaafu, akauliza kwa heshima zote fahali anaingia saa ngapi.

Basi Ssalongo hakuweza. Mtu akizoea kusema miaka yote hiyo, ukimya unamwasha kama upele. Akachukua kipaza sauti.

"Banange, jamani, hii maharage iko tayari lakini mutu hapana kula," akasema. "Kwa nini hapana kula? Tumbo iko. Mudomo iko. Ni mwenyewe ndiye hayuko."

Ukumbi ukacheka, ukatulia kwenye viti. Babra akajishika kichwa. Ikaja picha ya mkono unajikuna, unajikuna, mpaka ngozi ikawa kama ardhi ya kiangazi, na Ssalongo akasema mwanzoni kwamba ni kunguni wa Bwaise, watu wakacheka tena. Lakini mkono haukuacha kujikuna, na kicheko kikachoka kabla yake. Ssalongo naye akashusha sauti. Mtu wa kazi yake huona picha nyingi, akajua sasa anatazama nini. Akaacha mizaha. Akasema huyu mtu ana njaa lakini si ya chakula, hii njaa inamla yeye. Kwenye benchi za nyuma vijana wa mitaroni wakainama mbele.

Ndipo picha ikashuka chini kabisa. Kamera ikalala. Tope karibu, kubwa kama mlima, na juu yake ukingo wa bati. Chini ya bati, mwanga wa asubuhi. Kukaja miguu.

Picha yote ilikuwa ya kijivu, ila kitu kimoja kilikuwa chekundu. Mkanda wa kandambili.

Filda aliyasikia macho ya Akeyo kabla hajayaona. Kisha akausikia mkono wake umemshika juu ya kiwiko, si kwa upole na si kwa ukali, umemshika tu kama mtu anayejizuia asianguke. Miguu kwenye picha ilisimama. Kidole kimoja kikajikunja. Tone la maji likaendelea kugonga, na chini yake sasa kulikuwa na sauti ya mtu inaita, ndogo, imelowa: Mama.

Ssalongo aliwajua Wakenya, na Wakongo, na askari wa pale, lakini hakuijua ile kandambili. Aliona mama na mtoto wametenganishwa na bati, moyo wake wa baba wa mapacha ukamchoma, akataka kusaidia.

"Mama amerara," akasema taratibu kwenye kipaza sauti. "Musimuhukumu. Amesimama lakini amerara, hasikii. Kama angesikia mutoto, angefungua."

Watu wakaguna kwa huruma. Mwanamke mmoja nyuma akasema maskini, usingizi wa uchovu. Mwingine akasema wanawake tunachoka sana. Ukumbi mzima, watu walioacha kazi zao kuja kutazama fahali, ukamsamehe yule mama bila kumjua.

Na ule msamaha ulimwunguza Filda kuliko moto. Angeweza kuuchukua. Ulikuwa umeletwa bure, umefungwa vizuri, na kati ya majirani Akeyo peke yake ndiye aliyejua. Lakini spika za Ssalongo zilikuwa mbili, moja ndani na moja nje juu ya jenereta, na huko nje alikuwa amekaa mtu anayesikia akiambiwa kwamba alfajiri zile zote mama yake alikuwa amelala. Mtu ambaye aliiona miguu ikijikunja vidole. Odoch hakuwahi kumdai Juba. Hakuwahi kumdai hata geti. Sasa watamnyang'anya hata kile alichokiona?

Kwenye picha miguu ikageuka. Mkanda mwekundu ukawa unaondoka. Filda akasimama, na magoti yake yakagonga benchi la mbele.

"Ssalongo," akasema, "huyo mama hakulala."

Watu wakageuka.

"Alikuwa macho. Alisikia kila kitu. Hiyo miguu ni yangu, na anayeita ni mwanangu Odoch. Hakwenda Juba. Hajafika hata Gulu."

Sasa, Ssalongo alikuwa na kipaza sauti mdomoni, na mazoea ni mazoea. Mtu akisema ukumbini mwake, yeye hutafsiri. Kabla hajafikiri, mdomo ukafanya kazi yake. Akayageuza maneno yote ya Filda kwa Kiganda, neno kwa neno, kwa ile sauti yake ya filamu, yakatoka ndani na yakatoka nje juu ya jenereta, yakasambaa mpaka kwa wachoma mahindi na vijana wa pikipiki kule barabarani. Kwamba hakulala. Kwamba alikuwa macho. Kwamba Juba hakuna. Alipotambua amefanya nini akashusha kipaza sauti polepole kama mtu anayeweka yai.

Filamu ikawa imekwisha. Kioo kilikuwa cheusi na hakuna aliyepiga makofi. Yule polisi mstaafu akauliza kwa mnong'ono, na fahali? Ssalongo, akitafuta pa kujiokoa yeye na Filda, akasema fahali ndiye huyu mama aliyesimama. Baadhi wakaitikia, kwa kuwa Waacholi wakimwita mtu fahali wamemsifu kwa ushujaa. Filda hakuipokea. Sifa ile ilimpita masikioni kama sifa ya maiti. Alitafuta mlango kwa miguu, akiwaomba watu radhi mmoja mmoja, nao wakapisha, na hakuna aliyejua amtazame wapi.

Nje jua lilikuwa kali bado. Akeyo alimfuata, kitambaa kimemlegea kichwani. Wakasimama kando ya ubao wenye fahali.

"Kwa hiyo maombi yetu yalipotea njia," Akeyo akasema. "Mungu amezunguka Juba nzima akitafuta kijana, kumbe yuko hapa mtaroni."

Filda akataka kusema kitu, Akeyo akamzuia kwa kiganja. Akasema leo amekasirika, asiombwe chochote leo. Alilia machozi yake mwenyewe juu ya ule mkeka, na machozi hayarudishwi machoni. Kesho labda ataleta samaki. Leo, hapana. Akajifunga kitambaa upya, akaenda zake peke yake, anatembea haraka kama mtu anayekimbia mvua.

Odoch aliinuka kutoka kwenye jenereta. Hakuja karibu. Filda akashika njia ya nyumbani, na baada ya hatua kadhaa akasikia viatu vyake vinafuata nyuma, si mbali, si karibu. Walipita kwa wachoma mahindi. Walipita kwa vijana wa pikipiki, ambao waliacha kuongea walipofika na wakaanza tena walipokwisha kupita. Kwa kawaida Filda angeinua kanga kufunika uso. Mkono ulianza kupanda, akaurudisha. Hakugeuka nyuma hata mara moja, kwa kuwa alijua akigeuka atamwona uso, na uso ndio aliokuwa bado hauwezi.

Akafika. Akasukuma geti, akaingia uani. Wapangaji wawili watatu walikuwa wameshapata habari, wamesimama milangoni na masufuria yao. Na mkono wa Filda, mkono ulioyajua mazoea yake kama mdomo wa Ssalongo ulivyoyajua yake, ukarudisha geti, ukashika komeo ukalifunga.

Lililia, kama linavyolia siku zote. Hapo ndipo akili ilipofika.

Akatazama chini. Katika ile nafasi ya maji, chini ya bati, kulikuwa na viatu vya mpira vya mtu wa kubeba mizigo, vina vumbi la barabara yote ya Bwaise, kamba moja nyeupe na nyingine nyeusi. Havikusogea. Havikugonga. Vilikuwa vimezoea.

Filda akasimama upande wake, na vile viatu vikasimama upande wao. Akataka kusema alivyofanya hakukusudia, ni mkono tu, lakini aliona hata hilo ni la uongo kidogo, likamfia mdomoni. Kisha kutoka nje ikaja sauti, inamwiga Ssalongo, kwa mzaha ambao nusu yake haukuwa mzaha:

"Mama, umerara?"

Filda akalishika tena komeo.

"Sijalala," akasema.

Komeo lilikuwa na kutu na halikupenda kurudi nyuma. Alilivuta kwa mikono miwili mpaka likaachia. Geti likafunguka kwa upana wa mtu mmoja, naye akasogea kando, macho yake bado yapo chini, kwenye zile kamba mbili. Akamwambia avue viatu, maji yako kwenye ndoo, anawe miguu kwanza ndipo aingie ndani.